Hidaya, msomaji wa mikia ya majina ya dawa

Saa moja na robo asubuhi, ukungu bado umelala juu ya mabati ya Musinzira, mjini Gitega, nchini Burundi, na Hidaya Sudi anafungua kufuli la pili la mlango wa farmasi. Kabla hajamaliza kuvaa koti lake jeupe, mteja wa kwanza ameshaegemea kaunta.

"Nipe zile za rangi mbili," anasema mwanamume huyo, kiganja kimoja shavuni.

"Za rangi mbili ziko nyingi, kaka. Jina lake?"

"Jina sijui. Nyekundu na nyeusi."

Hidaya anavuta droo tatu na kuweka kwenye kaunta vidonge vya aina tatu. Vyote ni vyekundu upande mmoja na vyeusi upande wa pili.

"Angalia. Hii inapigana na vijidudu. Hii ni ya asidi ya tumbo. Na hii inaongeza damu. We shida yako ni gani?"

Mwanamume anavitazama kwa zamu, kisha anacheka licha ya maumivu. "Jino, dada."

"Voilà. Basi hapa hakuna hata moja yako mpaka ulete ordonansi ya daktari."

Anamuuzia vidonge vichache vya kutuliza maumivu, anamwandikia jina la dawa hiyo kwa herufi kubwa, anamwambia alisome kwa sauti, kisha anamwelekeza kwa daktari wa meno. Mteja anasoma kwa kusitasita, kama mtoto mbele ya mwalimu. Wanawake wawili waliojiunga na foleni wanamshangilia.

Hivyo ndivyo siku inavyoanza kwa Hidaya, mwenye umri wa miaka arobaini na mitatu, mama wa watoto watatu. Jina lake la kuzaliwa halitumiki sana mtaani. Ukiuliza farmasi ya Hidaya utaelekezwa kwa kubahatisha. Ukiuliza ya Mama Mikia, hata muuza makaa atakupeleka mpaka mlangoni.

Mikia anayosifika nayo ni ya majina ya dawa. Kwa maelezo yake, jina la kitaalamu la dawa lina mwanzo na mwisho, na mwisho huo ndio unaokueleza dawa hiyo ni ya ukoo gani.

"Chukua amoksisilini," anasema, akiinua boksi na kuweka ukucha chini ya herufi za mwisho. "Watu wote wanaijua, hata mtoto. Lakini wanaijua kwa rangi. Mi naangalia hapa mwisho: silini. Ampisilini, silini. Kloksasilini, silini. Hao wote ni watoto wa penesilini. Kama mama yao alikukataa, na hao watoto uwaogope."

Anaposema dawa imemkataa mtu, Hidaya ana maana ya mzio: mwili kuvimba, kuwashwa, wakati mwingine koo kubana hadi pumzi ikakosa njia. Neno hilo ndilo lililompa umaarufu, na kisa chenyewe kilitokea Makebuko, nje ya mji wa Gitega. Lakini safari yake ilianzia mbali na hapo, Muyinga.

Alizaliwa Muyinga mjini, katika familia ya Kiislamu. Baba yake, mzee Sudi, alikuwa fundi viatu mwenye kibanda karibu na soko. Hidaya aliacha shule darasa la sita mama yake alipougua, kwa kuwa yeye ndiye aliyekuwa binti mkubwa. Madrasa hakuiacha. Kila alasiri, akishamaliza kuosha vyombo na kumgeuza mgonjwa kitandani, alikimbia na ubao wake.

"Madrasa ndiyo ilinifungua macho," anasema. "Maalimu alituonyesha kitabu, katibu, maktaba. Akasema, sikilizeni, humo ndani mote kuna k, t, b. Yote yanazungumza habari ya kuandika. Mi nilishangaa sana. Nilikuwa natumia hayo maneno kila siku na sikujua kama ni ndugu."

Alikaanga mandazi kwa miaka kadhaa. Kisha, akiwa na miaka ishirini na minne, akasikia kwamba mzee mmoja aliyerudi kutoka Tanzania amefungua farmasi na anatafuta mtu wa kufagia.

Mzee huyo ni Longino, ambaye leo ana miaka sabini na mmoja na amestaafu. Alikulia Kigoma, akasomea ufamasia huko, na aliporudi Burundi alikuja na cheti chake, mke wake na sanduku la vitabu. Anazungumza Kiswahili kilichonyooka cha Tanzania, taratibu, kana kwamba anapima kila neno kwenye mizani.

"Nilimpa ufagio, si kitu kingine," anakumbuka Longino. "Siku moja yakaja maboksi mengi, nami nilikuwa na safari. Nikamwambia, binti, yapange kwenye rafu kwa alfabeti. A, B, C. Nikaondoka."

Aliporudi alasiri alikuta A, B na C zimechanganyika. Amoksisilini ilikuwa pamoja na kloksasilini. Omeprazoli ilikaa bega kwa bega na lansoprazoli. Atenololi ilikuwa kona moja na propranololi. Longino alipandisha sauti mpaka wateja wakageuka.

"Hidaya! Umefanya nini? Nilikuambia alfabeti!"

"Nimezipanga kwa ndugu, mzee."

"Ndugu gani?"

"Hizi zinaisha sawa. Na wanaozinunua wanaumwa ugonjwa mmoja. Hizi, wote wanashika tumbo. Hizi, wote wale wa moyo na presha."

Longino alivaa miwani, akapita rafu ya kwanza, ya pili, ya tatu. Hidaya alikuwa ameshaanza kuvua aproni, akijua kazi imeisha.

"Nilikaa chini juu ya boksi," anasema mzee huyo. "Mimi jambo lile nilifundishwa darasani, na mwalimu mwenye chaki. Yeye alilipata akiwa na ufagio mkononi, na Kifaransa cha kuungaunga. Nikamwambia, kesho njoo na daftari."

Kwa miaka minne iliyofuata, kila adhuhuri, Longino alimfundisha. Hapo ndipo Hidaya alipoelewa kwamba hakuna aliyeokota majina hayo barabarani. Dawa moja huwa na majina mawili. Lipo jina la biashara, ambalo kiwanda hujichagulia na kulipamba kwa herufi kubwa za rangi. Na lipo jina la kitaalamu, ambalo ni lile lile dunia nzima, na mara nyingi huandikwa chini kwa herufi ndogo. Mkia uko kwenye hilo la pili.

Somo analolipenda zaidi mpaka leo ni la maana ya penesilini. Longino alimweleza kwamba dawa hiyo ilitokana na aina ya ukungu, kama ule unaoota kwenye mkate uliokaa siku nyingi, na kwamba wataalamu walioutazama kwa darubini waliona umbo lake linafanana na brashi. Wakauita kwa neno la Kilatini lenye maana ya brashi ndogo. Kutoka kwenye ukungu huo ikapatikana penesilini, na watoto wake wote wakarithi kipande cha jina.

"Nilicheka mpaka nikashika mbavu," anasema Hidaya. "Brashi! Baba yangu kila siku anashika brashi ya viatu, kumbe na hii dawa kubwa hivi inaitwa brashi. Nilienda kumwambia jioni. Akasema, basi na mi ni daktari."

Ndoa ndiyo iliyomleta Gitega. Mume wake, Ilyasi, ni fundi cherehani, na wanaishi Musinzira katika nyumba yenye vyumba viwili na cherehani tatu. Longino alimpa barua ya kumtambulisha kwa Lucia, mfamasia mwenye farmasi ambayo Hidaya anafanyia kazi sasa. Lucia aliisoma, akamtazama, akamuuliza ana cheti gani.

"Nikamwambia sina. Niko na daftari kumi na moja," anasema Hidaya.

Lucia alimchukua kama msaidizi, kwa sharti kwamba hatampa mtu dawa ya cheti cha daktari bila yeye mwenyewe kuidhinisha. Sharti hilo halijavunjwa hata mara moja. Lakini sharti halikumzuia kuuliza maswali, na Hidaya ana swali moja ambalo humuuliza kila mteja, awe amekuja kununua dawa ya kikohozi au pamba: kuna dawa iliyowahi kukukataa?

Mwanzoni swali hilo lilikera watu. "Wengine walisema, huyu mwanamke ni polisi?" anasimulia Lucia, akicheka. "Mimi mwenyewe nilimwambia apunguze, foleni inakuwa ndefu. Akanijibu, bon, niache mwezi mmoja tu, nitaandika majibu."

Aliandika. Katika mwezi huo walipita wateja mia sita na arobaini. Zaidi ya mia nne hawakujua jina la dawa waliyoifuata. Walitaja rangi, umbo, au walisema tu ile ya siku ile. Watu thelathini na wanane walisema wamewahi kukataliwa na dawa, na kati yao ni tisa tu waliojua inaitwaje. Lucia alipoona hesabu hiyo hakuzungumzia tena habari ya foleni.

Ilikuwa asubuhi ya siku ya soko, mwezi wa tatu mwaka jana, alipoingia Efrazia.

Efrazia ni mkulima wa Makebuko mwenye miaka hamsini na miwili. Alikulia Tanzania, akasomea huko mpaka darasa la saba, na kurudi na mumewe Bonifasi kambi za wakimbizi zilipofungwa. Anasoma Kiswahili vizuri kuliko watu wengi wa mjini, lakini Kifaransa hakimpandi. Ndiyo sababu alikuja na boksi tupu mkononi.

"Habari za asubuhi, dada," alisema. "Naomba unisomee hapa. Mume wangu meno yanamsumbua, uso umevimba. Shemeji amemletea dawa kutoka kwa hawa wanaotembeza sokoni. Vidonge tumeviacha nyumbani, mimi nimekuja na boksi. Nataka kujua anakunywa vingapi kwa siku, na saa ngapi."

Hidaya alipokea boksi. Juu kulikuwa na jina la biashara kwa herufi kubwa za bluu, jina ambalo halikumwambia chochote. Akaligeuza, akatafuta chini kwa herufi ndogo. Amoksisilini.

"Mama, mume wako kuna dawa iliwahi kumkataa?"

Efrazia alicheka. "Vidonge havina shida naye, huyo anameza chochote. Ilimkataa sindano tu, zamani, tukiwa kambini."

"Sindano gani?"

"Penesilini. Alivimba uso, koo likabana, akaanguka palepale. Walimchoma sindano nyingine ndiyo akarudi. Toka siku hiyo tukasema, sindano basi, sisi ni vidonge tu."

Hidaya anasimulia: "Niliangalia ile boksi, nikamwangalia mama. Nikamwuliza, amemeza tayari?"

"Nimemwacha anaandaa chakula. Waliomwuzia shemeji walisema aanze na viwili, ila ale kwanza."

"Mpigie simu. Sasa hivi, mama. Mwambie asimeze."

Efrazia alipiga. Simu iliita mpaka ikakata. Akapiga tena. Mara ya tatu iliita kidogo tu, kisha ikawa haipatikani kabisa. Uso wa Efrazia ulibadilika. "Chaji," alisema. "Alisema tangu jana haina chaji. Dada, kwani kuna nini?"

"Hii ni mtoto wa ile sindano," Hidaya alimjibu.

Lucia, aliyekuwa amesikia yote kutoka chumba cha nyuma, alikuwa ameshika simu tayari. Alimpigia mwuguzi wa kituo cha afya kilicho jirani na kina Efrazia, akamweleza kwa maneno machache awe tayari kumpokea mgonjwa. Kisha akamgeukia Hidaya. "Nenda naye, mwuguzi yuko peke yake na hawezi kuondoka. Ukifika, unajua la kufanya. Mpeleke kituoni haraka."

Walipanda pikipiki moja, watatu pamoja na dereva, Efrazia katikati na boksi tupu kifuani. Hidaya hajawahi kupenda pikipiki, na siku ile alishika hijabu kwa mkono mmoja na bega la Efrazia kwa mkono wa pili. Kila mlima Efrazia alijaribu tena simu. Kila mteremko alisema, "Bonifasi, usimeze. Bonifasi, usimeze," kama vile upepo ungeweza kumfikishia.

"Mi nilikuwa nahesabu tu," anasema Hidaya. "Toka ametoka nyumbani, mpaka kupata gari, mpaka kwetu, mpaka sasa. Nikaona masaa mawili yamepita. Mtu gani anapika masaa mawili? Nikasema, Yarabi, huyu mtu ameshameza."

Pikipiki iliingia uani ikifukuza kuku. Bonifasi alikuwa ameketi kwenye kigoda mbele ya mafiga matatu, kitambaa kimefungwa kutoka kidevuni mpaka utosini, kijiko cha mti mkononi. Pembeni yake, kwenye kisahani, kulikuwa na vidonge viwili vya rangi mbili na kikombe cha maji.

"Umemeza?" alipiga kelele Efrazia, hata kabla pikipiki haijasimama.

Bonifasi alimtazama mkewe, akamtazama mwanamke asiyemjua mwenye koti jeupe, akaitazama sufuria.

"Nimeze vipi?" alisema, sauti imebanwa na kitambaa. "Mlisema nile kwanza. Haya maharage yako tangu asubuhi hayataki kuiva!"

Efrazia alikaa chini kwenye vumbi, akalia na kucheka kwa wakati mmoja. Dereva wa pikipiki, aliyekuwa amesikia kisa chote njiani, alizima injini na kuinua mikono juu kama aliyefunga bao. Hidaya alikichukua kile kisahani, akakiweka juu ya ukuta, mbali na kila mtu.

"Nilipomuuliza baadaye," anasema, "aliniambia alikuwa ameshachoka kungoja. Alikuwa amesema akihesabu mpaka mia na maharage bado, atameza bila kula. Alikuwa amefika sitini na kitu."

Bonifasi, mwanamume mrefu mwenye mzaha, anathibitisha. "Sitini na nne," anasema. "Nakumbuka vizuri. Mke wangu alinunua maharage ya zamani kwa jirani. Siku nyingine ningemnunia. Siku ile nilimshukuru yeye, nikamshukuru jirani."

Kabla ya kwenda kituoni, Bonifasi alitaka kuelewa. Alikuwa mkaidi: sindano ni sindano, kidonge ni kidonge, na majina yenyewe hayafanani. Hidaya akamweleza habari ya ukoo, kwamba majina yanayoishia sawa ni ya ndugu.

Bonifasi alikataa. "Ninyi Waislamu wa mjini, sawa. Wewe ni Hidaya Sudi kwa sababu baba ni Sudi. Sisi huku kila mtoto ana jina lake. Mimi na kaka yangu tumetoka tumbo moja, na majina yetu hayana hata herufi moja sawa. Jina linanionyeshaje ndugu?"

Hidaya anakiri kwamba alikwama. Aliyemwokoa ni Efrazia, ambaye alikuwa bado amekaa chini, akipangusa machozi kwa kitenge.

"Bonifasi, sikiliza. Nikisema niko shambani, nimeenda wapi?"

"Shamba."

"Sokoni?"

"Soko."

"Kanisani? Kisimani?"

"Sasa unanipima akili?"

"Mwisho wake unasemaje? Ni, ni, ni. Ukisikia hiyo 'ni' unajua nataja mahali, hata kama hujawahi kufika. Na silini ni vivyo hivyo. Ukiisikia mwishoni, ujue ni ile iliyokuangusha kambini."

Bonifasi alilegeza kitambaa kidevuni. Kisha akasema polepole, "Amoksi-silini," akijishika koo. "Kumbe mkia ndio unaosema."

Kituoni alipewa dawa ya ukoo mwingine, na uvimbe ulipopungua jino likang'olewa. Wiki mbili baadaye alifika Musinzira na debe la maharage, akisisitiza mbele ya wateja wote kwamba haya ni mapya na yanaiva kwa saa moja.

Tangu siku hiyo Hidaya ameacha kufundisha kwa mfano wa ukoo peke yake. Hutumia shambani na sokoni za Efrazia, na humtaja kila mara. Siku hiyo pia ndiyo iliyozaa kadi. Ni kipande kidogo cha karatasi ngumu, kinachotosha kukaa pamoja na kitambulisho, chenye jina la mtu, jina la dawa iliyomkataa, na mkia wake umepigiwa mstari. Ya kwanza aliandikiwa Bonifasi. Kufikia mwezi huu ameandika mia tatu na kumi na mbili kwa mkono wake, na kila moja Lucia huipitia kabla haijatoka.

Lucia ni mwangalifu kuhusu sifa zinazomiminwa kwa msaidizi wake. "Sitaki mtu asome mkia halafu ajitibu," anasema. "Hidaya mwenyewe hafanyi hivyo. Mkia unamsaidia kuuliza. Kutibu ni kazi ya daktari." Anatoa mfano wa tetrasiklini, ambayo wengi huisikia kama ndugu wa amoksisilini kwa kuwa mikia inakaribiana. "Siklini na silini. Ni k moja tu katikati, na ni dawa tofauti kabisa."

Kila Jumamosi ya pili ya mwezi Hidaya hupanda basi la asubuhi kwenda Muyinga, akimwachia Ilyasi watoto na chakula. Huko, kwenye baraza ya Longino, hukutana na wanawake kati ya ishirini na thelathini, wenye hijabu na wenye rozari, na kila mmoja huja na boksi la dawa kutoka kwake nyumbani. Longino hukaa kwenye kiti chake pembeni. Macho yake hayaoni vizuri tena, kwa hiyo wao humsomea.

Jumamosi iliyopita mwanamke mmoja wa makamo, Shakila, mke wa mfanyabiashara wa vitambaa, aliinuka na kiboksi kidogo ambacho alisema amekikuta kwenye koti la mume wake.

"Mi nimesoma mwisho," alitangaza. "Naona 'fili'. Hii fili ni ya ugonjwa gani?"

Hidaya alikitazama, akakirudisha haraka. "Hii, mama, muulize mwenye koti."

Ilichukua kama sekunde tatu. Kisha baraza zima likaanguka kwa kicheko, na Shakila akajifunika uso kwa mtandio, akicheka kuliko wote. Longino aliomba aelezwe kilichotokea. Hakuna aliyekubali kumweleza. Kicheko kilipotulia ndipo Hidaya alipoongeza, kwa sauti ya kazi, kwamba dawa hiyo ya nguvu za kiume haiendi pamoja na baadhi ya dawa za moyo, na kwamba mwenye koti aende kumwona daktari kabla ya kuendelea nayo. Shakila aliitikia kwa kichwa. Hilo alilishika.

Mambo hayaendi sawa siku zote. Mwaka huu daktari mmoja alimfokea kwa simu kwa kuuliza kuhusu cheti alichoandika. "Alisema, we ni nani unanisahihisha? Nikamwambia, mi si mtu, docteur, lakini mgonjwa yuko hapa na kadi yake." Daktari alikata simu. Baada ya nusu saa alipiga tena, akabadilisha dawa, na kabla ya kukata akauliza kadi hizo zinapatikana wapi.

Swali la "we ni nani" lilimkaa moyoni, hata hivyo. Hidaya amejiandikisha kwenye masomo ya watu wazima ili amalize shule aliyoiacha akiwa darasa la sita, kisha aombe nafasi ya kusomea usaidizi wa ufamasia. Hisabati inamtesa. Binti yake Layla, wa miaka kumi na sita, ndiye anayemsahihishia madaftari, na anasema mama yake ni mwanafunzi mbishi.

Lakini ukimuuliza ni siku gani anayoingoja zaidi, hatataja cheti. Anataja Jumapili ya kwanza ya mwezi ujao, Makebuko. Kina mama wa parokia wameomba somo la mikia baada ya misa, na Hidaya amekataa kulitoa. Amemwambia Efrazia alitoe yeye. Efrazia amekuwa akijiandaa kwa wiki tatu. Bonifasi anasema humsikia akiwafundisha mbuzi.

"Mi nitaenda, bien sûr," anasema Hidaya, akikunja koti lake mwisho wa siku. "Nitakaa nyuma kabisa, na boksi langu, kama mwanafunzi. Akikosea, nitanyoosha mkono."

Na asipokosea?

Anatabasamu, anatafuta ufunguo mfukoni. "Asipokosea nitakaa kimya. Kwa miaka yote hii sijawahi kukaa kimya nikamsikia mtu mwingine anaifundisha mikia. Hiyo ndiyo mi naitaka."